Walipishana siku 14: kutoka Berlin hadi Prague nikimfuata Heydrich

Nimerudi Dar wiki tatu sasa. Nilikuja na daftari moja dogo, picha mia nne na ushee kwenye simu na bahasha ya tiketi, na haya nimeyapanga upya kutoka humo. Bei ni za Septemba 2025, na euro moja niliipata kwa takriban Sh 2,900.

Kwanza niseme kilichonipeleka. Mimi ni mwalimu wa historia, mzaliwa wa Lindi. Tarehe 22 Februari 1904, Dar es Salaam, alizaliwa mtoto wa askari wa Kisudani katika jeshi la Wajerumani. Alikuja kujulikana kama Bayume Mohamed Husen. Siku 14 baadaye, tarehe 7 Machi 1904, katika mji wa Halle huko Ujerumani, alizaliwa Reinhard Heydrich. Wa kwanza alikufa katika kambi ya mateso ya Sachsenhausen. Wa pili alikuwa mkuu wa idara iliyomkamata. Nilipogundua tarehe hizo mbili zimekaa karibu hivyo sikuweza tena kuzifundisha kwa haraka kama nilivyozoea. Nikaweka akiba miaka miwili.

Siku ya 1. Jumatatu, 8 Septemba. Berlin

Nauli ya ndege kwenda na kurudi ilinitoka Sh milioni 2.6, na viza ya Schengen ni euro 90. Viza hiyo moja inakuingiza Ujerumani na Ucheki pia, huhitaji nyingine.

Mdogo wangu, mtoto wa mama mdogo, anasomea uuguzi Berlin. Alinipokea uwanjani na "shikamoo kaka" ya nguvu mpaka watu wakageuka. Anapanga chumba Wedding, karibu na kituo cha Afrikanische Straße. Mtaa wenyewe ni wa ajabu kwa mtu wa kwetu: unatembea unasoma Sansibarstraße, Tangastraße, Usambarastraße. Majina hayo ni ya wakati wa ukoloni. Barabara moja mwaka 1939 ilipewa jina la Carl Peters, yule tuliyemwita Mkono wa Damu, maana Manazi walimfanya shujaa wao. Agosti 2024 jina likafutwa, na kipande kimoja cha barabara hiyo sasa kinaitwa Maji-Maji-Allee. Nilisimama chini ya kibao hicho nikampigia simu baba, Lindi. Alinyamaza kidogo, akaniambia nikisome tena.

Jioni tukaenda Brunnenstraße namba 193. Panda treni ya chini ya ardhi, laini ya U8, shuka Rosenthaler Platz, utembee dakika chache. Pale kwenye lami, mbele ya mlango, kuna kijiwe cha mraba chenye bamba la shaba, upana wake kama kiganja. Vijiwe hivi viko maelfu kwa maelfu Ulaya, na vingi vinaanza na maneno yaleyale: Hier wohnte, aliishi hapa. Hiki ni cha Husen. Shaba ilikuwa imeingia weusi, ikabidi mdogo wangu amulike na simu ndipo tukasoma jina.

Husen alipigana vita vya kwanza vya dunia akiwa bado mtoto, akajeruhiwa Mahiwa mwaka 1917. Mahiwa ni kwetu, nimepita hapo mara nyingi nikienda Masasi. Mwaka 1929 alifika Berlin kudai mshahara wake na wa baba yake ambao Wajerumani hawakuwalipa. Hakulipwa. Akabaki, akawa mhudumu wa mgahawa, akaigiza katika filamu, akafundisha Kiswahili chuo kikuu. Januari 1933 akamwoa Maria Schwandner, Mjerumani. Mwaka 1941 Gestapo, polisi wa siri wa Manazi, wakamkamata kwa sababu ya uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, kosa waliloliita kuichafua rangi yao. Hakufikishwa mahakamani.

*Kwa atakayekwenda:* kuna tiketi ya mwezi ya nchi nzima, Deutschlandticket, mwaka 2025 ilikuwa euro 58. Inakupandisha treni za mijini, mabasi na treni za mikoa, ila si zile za kasi. Inauzwa kwa kujiunga, kwa hiyo usipojiondoa kufikia tarehe 10 utakatwa na mwezi unaofuata. Mdogo wangu alinikatia kwa akaunti yake na tukajiondoa usiku uleule.

Siku ya 2. Jumanne, 9 Septemba. Wannsee

Treni ya S1 inafika hadi Wannsee, halafu basi namba 114. Kituoni nilikuwa nageuza ramani, mzee mmoja mwenye fimbo akaniuliza naenda wapi. Nilipomtajia akasema "komm", akapanda nami basi ambalo sidhani lilikuwa lake, akashuka nami, akanionyesha lango kwa fimbo, akavuka barabara kusubiri la kurudi.

Nyumba ni jumba la kitajiri kando ya ziwa, bustani imefyekwa vizuri, mashua zinapita. Haina kiingilio. Hapa tarehe 20 Januari 1942 Heydrich aliitisha kikao cha watu 15. Kikao hicho kilikuwa kimepangwa Desemba, kikaahirishwa. Barua ya mwaliko ilieleza kwamba kitafuatiwa na kifungua kinywa. Wajumbe walikuwa makatibu wa wizara na maofisa wa SS, jeshi la chama cha Nazi, na wanane kati yao walikuwa na shahada ya udaktari. Adolf Eichmann, ofisa wa Heydrich, alisimamia muhtasari. Kikao kilichukua kama saa moja na nusu.

Nimeandika mihtasari mingi ya vikao vya shule. Najua namna karatasi hizo zinavyopangwa: waliohudhuria, ajenda, yatokanayo. Kwa hiyo nilipoinama kwenye kabati la kioo na kuanza kusoma muhtasari ule kwa tafsiri, mpangilio wake niliujua kabla sijaujua ujumbe wake. Ukurasa wa sita una orodha ya nchi na idadi ya Wayahudi waliomo. Uingereza 330,000. Ireland 4,000. Albania 200. Estonia hakuna namba, imeandikwa kwamba Wayahudi wamekwisha. Jumla zaidi ya milioni 11. Albania ndiyo iliyonishika. Mtu aliketi akatafuta watu 200 wa Albania wasije wakasahaulika.

Nakala zilitolewa 30. Iliyopatikana baada ya vita ni moja tu, ya mjumbe wa Wizara ya Mambo ya Nje, mwaka 1947.

Watu husema uamuzi wa kuwaua Wayahudi ulifanyika hapa. Sivyo, na ni muhimu kulisema vizuri. Siku ile mauaji yalikuwa yameshaanza mashariki tangu kiangazi cha 1941, na barua ya Göring, msaidizi mkuu wa Hitler, ya tarehe 31 Julai 1941 ilikuwa imeshampa Heydrich kazi ya kuandaa kile walichokiita suluhisho la mwisho, yaani kuwaua Wayahudi wote wa Ulaya. Alichokitaka Wannsee ni wizara zote zikubali kwamba yeye ndiye msimamizi, na kila mmoja abebe sehemu yake. Wakakubali. Hakuna aliyepinga mezani.

Nikala mkate wangu wa yai nje ya geti. Ndani ya bustani ile nilishindwa kula.

Mchana nikarudi mjini kwa S1 hiyohiyo, nikashuka Anhalter Bahnhof, nikatembea hadi mahali panapoitwa Topographie des Terrors, palipokuwa makao makuu ya Gestapo na SS. Napo ni bure. Majengo yamebomolewa, umebaki ukuta wa vyumba vya chini na maonyesho marefu ya picha. Ndipo nilipopata kuielewa kazi ya Heydrich kwa mfululizo. Alikuwa ofisa wa jeshi la majini, akafukuzwa Aprili 1931 kwa skendo ya uchumba: alimwahidi binti mmoja kisha akamposa mwingine, Lina von Osten, na mbele ya baraza la heshima akajibu kwa jeuri. Juni mwaka huo akapelekwa kwa Heinrich Himmler, mkuu wa SS, akapewa dakika 20 aandike namna ya kuunda idara ya ujasusi ya chama. Akaandika, akapata kazi. Mwaka 1934 akawa mkuu wa Gestapo, na mwaka 1939 polisi wa siri, wapelelezi wa jinai na ujasusi wa SS wakaunganishwa chini yake katika ofisi moja kuu ya usalama, RSHA. Ofisi hiyo ilikuwa na uwezo wa kumfunga mtu kambini kwa karatasi tu, bila hakimu. Karatasi za namna hiyo ndizo zilizowajaza watu kama Husen makambini.

Kuna ripoti moja pale ukutani. Vikosi vya mauaji vya Heydrich, Einsatzgruppen, vilikuwa vinatuma taarifa Berlin. Ya Kyiv, bonde la Babyn Yar, siku mbili za 29 na 30 Septemba 1941: Wayahudi 33,771. Walihesabu mpaka huyo mmoja wa mwisho.

Siku ya 3. Jumatano, 10 Septemba. Oranienburg

Laini ya S1 ina ncha mbili. Upande mmoja Wannsee, upande wa pili Oranienburg, iliko Sachsenhausen. Jana nilikwenda mwisho wa kusini, leo mwisho wa kaskazini, tiketi ileile. Kutoka kituoni ni kilomita mbili kwa miguu. Nilitembea, kwa sababu wafungwa nao walipitishwa mitaani hapo na watu wakiwatazama madirishani.

Kambi ni pembetatu kubwa. Ilipangwa hivyo ili bunduki moja juu ya lango iweze kuona uwanja wote. Zaidi ya watu 200,000 walipitia hapa kati ya 1936 na 1945, na makumi ya maelfu walikufa. Kuna njia iliyozunguka uwanja, vipande vya kokoto, mchanga, saruji: wafungwa walitembezwa juu yake siku nzima wakiwa na viatu vipya, ili viwanda vijue soli zinadumu kiasi gani.

Husen aliishi humu miaka mitatu. Alikufa tarehe 24 Novemba 1944, umri wake miaka 40. Upepo ulikuwa mkali, Septemba tu, na nilikuwa na koti. Novemba ya huko sijui mtoto wa Dar aliibebaje.

Nilimsomea Yasini nikiwa nimesimama karibu na misingi ya mabweni. Kijana wa walinzi alikuwa anakuja upande wangu, akaona nimekunjua mikono, akageuza njia akanipisha.

*Kwa atakayekwenda:* beba maji na chakula, na uende asubuhi. Eneo ni kubwa na halina kivuli wala kikingio cha mvua. Nusu siku haitoshi.

Siku ya 4. Alhamisi, 11 Septemba. Halle

Treni za mikoa, kubadilisha mara moja, saa mbili na nusu hivi kila upande. Heydrich alizaliwa hapa katika nyumba ya muziki. Baba yake, Bruno, alikuwa mwimbaji wa opera na mwenye chuo cha muziki, na mtoto mwenyewe alipiga fidla vizuri mpaka ukubwani. Nilitembea katikati ya mji mchana mzima, na jina nililoliona kila mahali ni la Händel, mtunzi wa muziki aliyezaliwa Halle pia.

Nilichokwenda kukiona hasa ni sinagogi la mji huo. Tarehe 9 Oktoba 2019, siku takatifu ya Yom Kippur, mtu mwenye bunduki alijaribu kuingia na kuua waliokuwa ndani wakisali. Mlango wa mbao ukakataa kufunguka. Akaua watu wawili nje. Nilipita barabarani taratibu, nikaona askari polisi mlangoni, nikaendelea. Döner, mkate wenye nyama ya kuchoma, njiani kurudi, euro 7, nyama tele. Mwenye duka, Mturuki, aliposikia Tanzania akaongeza chai bila malipo.

Siku ya 5. Ijumaa, 12 Septemba. Kwenda Prague

Treni ya moja kwa moja inachukua saa nne na kidogo. Yetu ilichukua karibu sita. Tulipofika Dresden tukaambiwa kuna hitilafu, kisha kimya. Mabehewa yakaanza kupata joto, watoto wakalia. Bibi mmoja wa Kicheki aliyekaa mbele yangu akafungua kikapu, akatoa keki ya plamu aliyooka mwenyewe, akaigawa kwa behewa letu zima vipande vidogovidogo. Hatukuwa na lugha ya kuelewana. Nilimwambia "asante", akairudia: "asante", akacheka, akanipa kipande cha pili.

Baada ya Dresden njia inashika ukingo wa mto Elbe, majabali ya mchanga yanapanda juu kushoto na kulia. Keti upande wa kushoto ukitoka Berlin.

Kitanda katika chumba cha watu sita kilikuwa koruna 450 kwa usiku. Ucheki hawatumii euro, na euro moja ni kama koruna 24. Usibadilishe fedha mitaa ya watalii, toa benki. Tiketi ya saa 24 ya usafiri wote wa mji mwaka 2025 ilikuwa koruna 120. Kwa asiyekula nguruwe, omba smažený sýr, jibini la kukaanga na viazi. Nililila siku tatu.

Siku ya 6. Jumamosi, 13 Septemba. Prague

Septemba 1941 Hitler alimtuma Heydrich hapa kushika ardhi ya Wacheki, huku akibaki mkuu wa RSHA. Alianza kwa kutangaza hali ya hatari, na katika wiki chache mamia wakahukumiwa kifo. Waziri mkuu, Alois Eliáš, naye alihukumiwa, akauawa Juni 1942. Hapohapo wafanyakazi wa viwanda vya silaha akawaongezea posho ya chakula. Wacheki walimwita Mchinjaji wa Prague.

Nilianzia Libeň. Metro hadi Kobylisy, kisha unateremka kilima kwa miguu. Barabara ya leo si ile ya zamani, imepanuliwa na magari yanapita kwa kasi. Ila kona unaiona: mteremko unakunja kulia, lazima gari lipunguze mwendo. Tarehe 27 Mei 1942 asubuhi Jozef Gabčík, Mslovakia, na Jan Kubiš, Mcheki, walimsubiri hapa. Walikuwa wameshushwa kwa miamvuli kutoka ndege ya Uingereza mwezi Desemba. Heydrich alipita kila siku kwa gari la wazi, bila walinzi. Gabčík akajitokeza na bunduki, ikakwama. Heydrich, badala ya kumwambia dereva akimbie, akaamuru asimame, akainuka na bastola. Kubiš akarusha bomu, likalipukia ubavuni mwa gari. Heydrich akapakiwa kwenye gari la mizigo hadi hospitali ya Bulovka, hapo jirani, ambayo mpaka leo inatibu watu. Alikufa tarehe 4 Juni, kidonda kimeoza. Umri wake miaka 38.

Kuna nguzo ya chuma yenye sanamu tatu, mikono imenyooshwa. Mama mmoja alikuwa anapita na mbwa, akasimama, akaniuliza kwa Kijerumani natoka wapi. Nilipomwambia, akaninyooshea kidole vibao vya mitaa ya jirani: Gabčíkova, Kubišova. "Mimi nakaa Kubišova," akasema, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayetaja ukoo wake.

Mchana, kanisa la Watakatifu Cyril na Methodius, mtaa wa Resslova. Hufungwa Jumatatu. Ukutani, chini karibu na njia ya miguu, kuna tundu refu jembamba la hewa, na kuta zote za kulizunguka zimetobolewa na risasi, hazijazibwa. Niliingiza kidole katika shimo moja, kikazama hadi pingili ya kwanza. Wanajeshi saba wa miamvuli walijificha humu. Mwenzao, Karel Čurda, akawauza kwa fedha. Tarehe 18 Juni 1942 mamia ya SS wakalizingira kanisa. Watatu walipigana juu, wanne chini kwenye chumba cha makaburi, kwa saa kadhaa. SS wakapitisha mipira ya zimamoto kwenye lile tundu wawafurikishe kwa maji. Wanne wa mwisho wakabakiza risasi za kujimaliza wenyewe.

Ukishuka humo chini kuna baridi ya kisima. Ukutani liko shimo walilokuwa wanachimba kwa mikono wakitafuta mfereji wa maji machafu ili watoroke. Hawakufika. Niliweka mkono humo, matofali yamemung'unyika. Gabčík alikuwa na miaka 30, Kubiš 28. Askofu wa kanisa hilo, Gorazd, aliandika barua kubeba lawama yote mwenyewe, akauawa Septemba. Na tarehe 24 Oktoba 1942, katika kambi ya Mauthausen, waliuawa watu 262, ndugu zao na waliowaficha, wanaume kwa wanawake. Hao ndio waliotoa kitanda na sahani ya chakula.

Siku ya 7. Jumapili, 14 Septemba. Lidice

Chukua metro hadi Nádraží Veleslavín, kisha mabasi ya kuelekea Kladno, nusu saa hivi. Jumapili mabasi ni machache. Piga picha ratiba ya kurudi mara tu unaposhuka. Mimi sikupiga, nikasubiri saa nzima na dakika 20.

Manazi walitafuta wa kulipizia kisasi, wakakishika kijiji cha Lidice kwa barua moja yenye mashaka na kwa sababu vijana wawili wa kijiji walikuwa katika jeshi la anga la Uingereza. Hapakuwa na ushahidi wa kijiji kuhusika. Usiku wa tarehe 9 kuamkia 10 Juni 1942, saa chache baada ya mazishi ya Heydrich Berlin, walikizingira. Wanaume 173 walipigwa risasi kando ya ukuta wa shamba la Horák. Magodoro yalitolewa kwenye nyumba zao wenyewe yakaegemezwa ukutani ili risasi zisirudi. Wanawake wakapelekwa kambi ya Ravensbrück. Watoto 82 wakauawa kwa gesi Chełmno, huko Poland. Kisha nyumba zikachomwa, zikalipuliwa, makaburi yakafukuliwa, hata kijito kikabadilishwa njia.

Leo ni bonde la majani tu. Unatembea mahali palipokuwa kanisa, palipokuwa shule, na chini ya mguu ni majani. Katikati wamesimama watoto 82 wa shaba nyeusi, wasichana 42 na wavulana 40, kimo cha watoto wa kweli. Mchongaji, Marie Uchytilová, aliianza kazi mwaka 1969, akafa 1989 kabla ya shaba kukamilika, mumewe akaimalizia, na mtoto wa mwisho aliwekwa mwaka 2000. Hakuna aliye mbele wala nyuma kwa mpangilio wa jeshi, wamesongamana kama darasa lililoambiwa litoke nje kupigwa picha. Mmoja, msichana wa darasa la tatu hivi, amemshika bega mdogo wake na uso ameugeuza upande, kama anayesikiliza jina lake likiitwa. Miguuni pao watu wameacha wanasesere, magari madogo, pipi. Nilikuwa na peremende mbili za tangawizi kutoka nyumbani, nikaziweka.

Watoto 17 tu walirudi baada ya vita, wengine wakiwa wamesahau Kicheki, hawawezi kuongea na mama zao.

Nilikaa kwenye nyasi mpaka jua likahama. Kituoni nilipokosa basi, mzee aliyekuwa anakata majani ya ua wake aliniletea chupa ya maji na kiti cha plastiki, akaendelea na kazi yake.

Siku ya 8. Jumatatu, 15 Septemba. Terezín

Kuna basi la moja kwa moja kutoka Holešovice, saa moja. Mimi nilichukua treni hadi Bohušovice kisha nikatembea kilomita tatu, kwa kuwa Wayahudi walioletwa mwanzoni walishushwa hapo na kutembezwa na mizigo yao, hadi reli ilipofikishwa ndani mwaka 1943. Mvua ilinikuta njiani. Gari dogo likasimama, mama mwenye mifuko ya sokoni akafungua mlango bila kuuliza kitu, akanishusha mlangoni mwa makumbusho.

Terezín ni mji wa ngome. Oktoba 1941 Heydrich na wasaidizi wake walipanga uwe kituo cha kukusanyia Wayahudi, na wa kwanza wakaingia tarehe 24 Novemba. Zaidi ya watu 140,000 walipitishwa hapa. Kiasi cha 33,000 walikufa humuhumu kwa njaa na maradhi, karibu 90,000 wakapelekwa mashariki. Heydrich alikuwa ameshakufa wakati mengi ya hayo yanatokea. Treni ziliendelea kwa ratiba. Mauaji ya kambi za Bełżec, Sobibór na Treblinka yakaitwa Operesheni Reinhard.

Kilichobaki kwangu Terezín ni michoro ya watoto. Mwalimu wao wa sanaa, Friedl Dicker-Brandeis, aliifundisha kwa siri, na kabla ya kupelekwa Auschwitz mwaka 1944 iliachwa imefichwa kwenye masanduku, zaidi ya elfu nne. Nyumba, maua, meza iliyoandaliwa chakula. Kila karatasi ina jina la mtoto pembeni, kama tunavyowaambia wanafunzi wetu: andika jina kwanza.

Siku ya 9. Jumanne, 16 Septemba. Berlin tena

Treni ilifika kwa wakati. Niliacha begi nikaenda makaburi ya Invalidenfriedhof, kando ya mfereji. Heydrich alizikwa hapo Juni 1942 kwa heshima zote za serikali. Sasa hakuna jiwe wala jina, na mwaka 2019 watu wasiojulikana walilifukua kaburi hilo. Mke wake alipigania pensheni ya ujane mahakamani baada ya vita, akaipata, akaishi hadi 1985. Nilipita njia ya katikati, sikuuliza ni wapi hasa, nikatokea upande wa pili.

Kutoka hapo hadi Brunnenstraße ni mwendo wa nusu saa. Njiani nilinunua dawa ya kung'arishia shaba, euro 4, na sponji. Nikapiga magoti mbele ya namba 193 nikaanza kusugua. Mama wa makamo akatoka mlangoni na takataka, akanitazama, akarudi ndani. Nikadhani nimemuudhi. Akarudi na beseni la maji ya moto na kitambaa laini, akachuchumaa, akafuta vumbi la mawe ya pembeni mimi nikisugua katikati. Akaniuliza kama ni ndugu yangu.

Nikamwambia tunatoka pwani moja. Akaomba nimfundishe kulitamka jina vizuri, herufi kwa herufi, nikamfundisha: Ba-yu-me. Alilirudia mara tatu akiwa bado amechuchumaa, mpaka likakaa sawa.